Aliyejua Sufuria Iko kwa Nani

Mwaka huu tena walituita semina. Walikuja na gari jeupe, wakatuketisha kwenye ukumbi wa kanisa hapa nje ya Kitale, wakatugawia soda na mkate, halafu kijana mmoja mwenye kitambulisho shingoni akatuambia ati wamekuja kutufundisha namna jamii inavyoweza kusaidiana wakati wa ugonjwa na kifo. Alisema hivyo, kutufundisha. Nikawaangalia wazee wenzangu, kila mtu anatafuna mkate wake. Hakuna aliyemjibu. Mimi pia nilinyamaza, kwanza kwa kuchoka, na pili kwa sababu ningefungua mdomo ningelazimika kusema ni nani waliua kile kitu tulichokuwa nacho, na jina langu limo kwa hiyo orodha.

Kile kitu kilikuwa na mwenyewe, mama mmoja ambaye hakuna mtu alimwita kwa jina. Tulimwita Mama wa Vyombo. Hata chifu alimwita hivyo, hata watoto wake wakimtafuta sokoni waliuliza, "Mmeona Mama wa Vyombo?"

Mgeni akisikia jina hilo alidhani vyombo vya chama chetu cha matanga vinakaa kwake. Hapana. Nyumbani kwake hukupata hata sahani moja ya chama. Sufuria kubwa, ile ya kupikia watu mia moja na zaidi, ilikuwa inalala kwa mtu wa mwisho kufiwa. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria yetu na haikuandikwa mahali. Ukifiwa, ile nyumba iliyofiwa kabla yako inakuja na sufuria, inawasha moto kwako, inapika siku nne. Wewe na watu wako hamgusi hata ukuni. Wakimaliza wanaondoka, sufuria wanakuachia. Inakaa nyuma ya jikoni yako, imefudikizwa, mpaka kifo kingine kitokee. Siku hiyo ni wewe unabeba. Ndiyo maana hakuna nyumba ilipika bila kupikiwa kwanza, na hakuna ilipikiwa ikakaa bure.

Kazi yake yeye ilikuwa kujua sufuria iko kwa nani, na kuja kukuambia wakati umefika.

Siku moja nilimuuliza kwa nini tusiiweke stoo ya kanisa, tuache kubebana nayo kwa matope. Alinitazama kama ameona mbuzi anavaa kofia.

"Ikikaa stoo nani ataibeba?"

"Kamati."

"Kamati imefiwa na nani?" akasema. "Yule amezika juzi anajua. Hatauliza maswali ya ujinga. Hatauliza mwenye nyumba sukari iko wapi."

Asubuhi alikuwa na tabia yake. Alienda pale karibu na dipu ya kuogeshea ng'ombe, mahali ardhi imeinuka kidogo, akasimama na leso yake mabegani akiangalia moshi wa jikoni zetu. Alizijua zote. Nyumba ambayo haijatoa moshi mpaka watoto wanaenda shule, alishuka kwenda kuuliza. Alikuwa haogopi kuonekana mdaku. Wengine walimchukia kwa hiyo tabia, na ni kweli alikuwa mdaku, sitamsafisha.

Mwaka mmoja malaria ilinilaza. Mama Njeri, mke wangu, alikuwa ameenda Naitiri kumwona mama yake, kwa hivyo nilikuwa peke yangu na ng'ombe mmoja wa maziwa. Sikuwasha moto. Nikasikia mlango unasukumwa bila hodi.

"Baba Njeri, wewe ni mgonjwa ama ni mvivu?"

"Mgonjwa, Mama."

"Mgonjwa wa kweli hajibu haraka hivyo." Akanishika paji la uso, akatoa mkono kama amegusa jiko. "Haya, umeshinda. Lala."

Akaenda zake. Jioni nikasikia mtu anakamua ng'ombe wangu. Asubuhi tena, mtu mwingine. Siku nne nilikamuliwa ng'ombe, nikaletewa uji, na maziwa yalienda kwa mnunuzi kama kawaida. Nilipopata nguvu nilimfuata njiani nimshukuru. Akasimama, akakasirika kabisa.

"Usiniambie asante. Unataka tumalizane?"

Sikuelewa siku hiyo. Alikuwa anaona asante kama mtu anayelipa deni ili asije akaonekana tena.

Sasa usifikiri alikuwa malaika. Alikuwa mchoyo wa vitu vyake kuliko mtu yeyote ninayemjua. Panga lake hakuazima. Jembe lake hakuazima. Ukimwomba chumvi alikuuliza ya nyumbani kwako imeenda wapi. Nikamwambia, "Mama, wewe unazunguka na sufuria ya watu wote, na unaninyima panga?" Akasema, "Sufuria ni ya chama. Panga nilinunua mimi." Na hapo mazungumzo yakaisha.

Tena alikuwa hajui kupika. Hili ni jambo ambalo wote tulijua na hakuna alilisema mbele yake. Chakula cha matanga kwetu kilikuwa mahindi na maharagwe, maji na chumvi, bila mafuta, bila kitunguu. Alisema ni sheria. Mke wangu, ambaye watu wa kwao wanajua kupika githeri, ndiyo hayo mahindi na maharagwe, aliwahi kuleta mafuta kidogo kwa kikopo. Mama wa Vyombo akamwondoa kwa jiko.

"Mama Njeri, ukikiweka kitamu watu watakuja kwa sababu ya tumbo."

"Na kikiwa kibaya watakuja kwa sababu gani?"

"Kwa sababu ya maiti," akasema. "Ama wasije."

Wanawake walicheka mpaka wakaegemea kuni. Na mwenye matanga alikuwa pale pale, na yeye akacheka, mara ya kwanza tangu azike.

Harusi hakutaka kusikia. Harusi mtu anajipangia, alisema, kifo hakuna mtu amejipangia, kwa hivyo sufuria haiendi harusi. Alikataa watu wakubwa. Alimkataa mchungaji. Lakini mpwa wake wa Matulo, kule karibu na Webuye, alipoolewa, sufuria ilipotea siku tatu kwa aliyekuwa nayo, ikarudi ikinuka pilau. Hakuna aliyethubutu kumuuliza. Masinde, katibu, alijaribu mara moja tu, akasema, "Mama, nasikia sufuria ilitembea." Akamjibu, "Hata wewe unatembea na hakuna anayekuuliza." Masinde alikuwa na sababu zake za kunyamaza baada ya hapo.

Na jambo ambalo mpaka leo linanishangaza, huyo mama alihudhuria matanga sijui mangapi na hakuwahi kutazama maiti. Watu wakipanga laini kupita mbele ya jeneza, yeye yuko kwa moto. Akiambiwa njoo uage, anasema moto utazima. Niliwahi kumwona anavuka barabara ili asipishane na gari la mochari. Aliogopa. Mwenyewe alikubali.

"Mimi ni wa hawa wanaokula," alisema. "Huyo aliyelala hana shida na mimi."

Kuhusu sufuria yenyewe ilitoka wapi, alinisimulia mara tatu na mara tatu zilitofautiana. Mara ya kwanza alisema wakati wa wazungu, shamba lilikuwa moja kubwa na watu waliishi kwa laini, zile nyumba za mstari za wafanyakazi, na mzungu alikuwa na sufuria ya kuchemshia chakula cha nguruwe. Mfanyakazi akifa hakuna ruhusa ya kukaa matanga, asubuhi kengele inalia, unaenda kazi. Kwa hivyo wale waliozika juzi walikuwa wanatoroka kazini kwa saa mbili au tatu, wanapika kwa nyumba ya aliyezika leo ili arudi akute kitu. Mzungu alipoenda kwao walichukua sufuria. Mara ya pili alisema waliiba mzungu akiwa bado yuko. Mara ya tatu alisema walichanga wakainunua.

"Sasa ni gani ya kweli, Mama?"

"Ile ya kununua ni ya kuambia padri."

Baadaye shamba likakatwakatwa vipande, likawa skimu, watu wakaingia na barua zao za kugawiwa. Watu wetu walikuja kutoka mkoa wa Kati, wengine walitoka Bungoma, wengine waliteremka kutoka mlimani. Hakuna aliyemwelewa mwingine. Hata salamu zilikuwa shida. Walianza kwa kulimiana zamu, leo kwako, kesho kwangu, kwa sababu trekta hakuna na mvua haingoji. Kisha mtu wa kwanza akafa, na walikuta wale wazee wa laini tayari wana desturi yao na sufuria yao. Wakaingia ndani yake. Hivyo tu. Hakuna semina.

Sasa nitaje walioua. Nianze na wadogo.

Watu wa ofisi ya ustawi wa jamii walikuja wakasema lazima tujiandikishe, tuwe na katiba, mwenyekiti, katibu na mweka hazina. Masinde ndiye aliyejua kuandika vizuri, akawa katibu, na tangu siku hiyo akawa anaongea Kiswahili cha redio. Katiba ilisema vyombo vitawekwa mahali salama chini ya kamati. Mama wa Vyombo aliwekewa kidole gumba kwenye wino akabandika, na akaendelea kufanya vile alivyofanya. Masinde hakumzuia, lakini alianza kuambia vijana kwamba mambo ya kubeba sufuria ni ya zamani.

Halafu akaja mheshimiwa, mbunge wa wakati huo, na kura zilikuwa karibu. Alituletea tenti mbili na viti vya plastiki mia mbili, kila kiti kina picha yake mgongoni. Tulishangilia. Mimi nilishangilia. Mama wa Vyombo alizunguka vile viti akivigonga kwa kidole.

"Hivi vinataka watu wakae," akasema.

"Si ndiyo kazi ya kiti, Mama?"

"Ndiyo. Zamani kwa matanga ulikuwa husimami bure. Ulikuwa unapasua kuni."

Na kweli, viti vilipokuja watu walikaa. Walikaa wakiangalia mgongo wa mwenzao wenye uso wa mheshimiwa, wakingoja chakula.

Lakini Masinde na mheshimiwa hawakuua. Walichosha tu. Wa kuua ni Ndirangu na mimi.

Ndirangu ni mtu wa kwetu kabisa. Wazee wetu walipanda lori moja kuja huku. Yeye alipata trekta mapema, akawa analimia watu kwa malipo, na kila alipolima shamba la mtu alilipima kwa macho. Alitaka yale ya kando ya barabara. Langu lilikuwa mojawapo. Ilipofika ile fujo ya mashamba, vijana wakapita wakichoma, watu wakasema ni kabila fulani na kabila fulani. Mimi siwezi kusema hivyo kwa sababu nilikuwa pale, mchana wa jua, na niliona. Vijana walikuwa wageni, hawakujua nyumba ya nani ni ipi. Ndirangu alisimama kwa geti lake na koti lake la kijani na kuwaonyesha kwa mkono. Hii. Ile ruka. Hii. Nyumba alizoonyesha zote ziko kando ya barabara, na leo mashamba ya nyumba tatu kati ya hizo ni ya Ndirangu. Aliyanunua kwa bei ya mtu anayekimbia. Nilisema kwa chifu, chifu akaniambia nilete ushahidi. Nikamwambia macho yangu. Akasema macho yako yana hasira.

Kaka yangu mkubwa alikuwa ndani ya nyumba yangu. Alikuwa amevunjika mguu, hawezi kutembea. Nilijaribu kumvuta kupitia dirishani mpaka ngozi ya mikono yangu ikabaki kwa chuma. Hakutoka.

Siku tulipozika hatukuwa na nyumba ya kufanyia matanga. Tulikaa chini ya turubai na majivu yako hapo kando. Familia iliyokuwa na sufuria ilikuwa imekimbia hadi ng'ambo ya mto. Sikutegemea mtu. Saa nne asubuhi nikaona Mama wa Vyombo anakuja barabarani na binti yake, wameshika sufuria mmoja sikio hili, mwingine lile. Alikuwa ameifuata hadi huko. Binti ndiye aliyenisimulia walivyopita kizuizi cha vijana barabarani.

Vijana waliwasimamisha na mapanga. "Wewe mama, sufuria inaenda wapi?"

"Kwa wale mmechoma jana. Mnakuja kula?"

Wakaangaliana. Mmoja akasema, "Huyu ni wazimu, mwacheni."

"Leteni hata kuni, bana," akawaambia, "si mnajua kuwasha?"

Wakawaacha wapite. Binti alisema upande wake maji ya ndani ya sufuria yalikuwa yanamwagika. Mama yake alikuwa anamgombeza kwa sababu ya hayo maji.

Alitupikia siku nne. Chakula kibaya, chumvi nyingi. Nilikula kwa kulishwa, mikono imefungwa bandeji. Kisha akaifudikiza sufuria mahali jikoni yangu ilikuwa, akaenda.

Nilijenga tena, mabati matupu. Sikuuza. Ndirangu alituma watu mara mbili na bei, nikawafukuza. Mvua ikaja, tukapanda, mahindi yakafika kiunoni, na katika huo muda wote, Mungu anajua kwa nini, hakuna mtu mwingine wa chama aliyekufa. Halafu asubuhi moja nikamwona Mama wa Vyombo kwa mlango wangu. Hakuingia.

"Mama yake Ndirangu amelala," akasema.

Nikashika mlango.

"Sufuria iko kwako, Baba Njeri."

Yule mama mzee sikuwa na neno naye. Nataka hiyo ijulikane. Nilipokuwa mdogo alinipa maziwa mara nyingi. Lakini nilisikia jina la Ndirangu tu.

"Aliwaonyesha nyumba yangu."

"Najua."

"Kaka yangu aliungulia ndani."

"Najua. Si ni mimi nilipika?"

"Na unataka niende kwa jikoni yake niwashe moto? Mimi? Niwashe moto?"

Akasema, "Sijasema umpikie Ndirangu. Nimesema mama amelala."

"Siendi."

Mama Njeri alikuwa amesimama nyuma yangu. Alitoka, akaenda nyuma ya jikoni, akaishika sufuria sikio moja. Ilikuwa inahitaji watu wawili. Akamtazama Mama wa Vyombo amshikie upande wa pili. Nikamwambia mke wangu, "Ukitoka na hiyo kwa hii geti, usirudi." Nilisema mbele ya mgeni. Miaka yote tuliyokaa pamoja sikuwa nimemwambia neno kama hilo. Aliiachilia, ikalia kwa mawe.

Mama wa Vyombo hakubishana. Alisimama pale nje, jua likamfikia, likampita. Alisimama mpaka karibu saa sita. Sikumpa kiti. Halafu akafunga leso kiunoni akaenda bila sufuria.

Kwa Ndirangu watu walikaa kwa viti vya mheshimiwa, wakangoja. Desturi ilikuwa watu wa nyumba wasiwashe moto, na hawakuwasha. Mpaka alasiri hakuna moshi. Mwishowe Ndirangu alipiga simu Kitale, wakaja watu wa ketaringi, wapishi wa kukodi, na aproni nyeupe, pilau, kuku, soda za baridi. Watu walikula wakaramba vidole. Wiki nzima ikawa ni hadithi ya ile pilau.

Ndivyo ilivyokufa. Haikupigwa na mtu. Ndirangu hakupikiwa, kwa hivyo hakuwa na lazima ya kumpikia mtu. Aliyefiwa baada yake alikuwa mwalimu, na mwalimu akaona aibu kula mahindi wakati jirani alitoa pilau, akakopa. Aliyefuata alikuwa mama mjane wa kule chini, mtoto wake alikufa kwa ugonjwa wa kifua, na huyo hakuwa na mahali pa kukopa. Hakuna aliyejua ni zamu ya nani. Sufuria ilikuwa kwangu na nilikuwa naona aibu kuitoa. Nilikaa ndani nikijiambia mtu ataniita. Yule mama alizika na watu wakarudi makwao na njaa, na yeye mwenyewe, walisema, siku ya pili alionekana anatafuta kuni peke yake. Ndirangu alichoma nyumba sita. Mimi sikuchoma kitu, nilikataa tu kuwasha, na waliolala njaa kwa sababu yangu ni wengi kuliko wake.

Wakati huo Mama wa Vyombo alikuwa ameshahamia Myanga, kwa binti yake ambaye ana kibanda cha nguo hapo sokoni. Hakuniaga. Nilijua ni mimi nimemfukuza, na watu wote walijua.

Nilimfuata miaka mingi baadaye, juzi tu, baada ya hiyo semina ya soda. Nilipanda gari hadi Bungoma, nikachukua pikipiki ya boda mpaka Myanga. Nilienda na jambo moja. Nilitaka anitukane. Mtu akishakutukana mnaweza kuongea.

Nilimkuta amekaa kwa kiti cha kamba nje ya nyumba ya binti yake. Macho yamefifia. Binti aliniambia mama ameandikwa kwa zile pesa za wazee za serikali, lakini mashine haimpatii. Wanaweka kidole chake, mashine inakataa. Vidole vyake vimekuwa laini kama sabuni kwa sababu ya kushika vitu vya moto. Kijana wa mashine alimwambia arudi akiwa na vidole.

"Nikamuuliza nirudi na vya nani," akasema mwenyewe kutoka kwa kiti. "Ni nani huyo umeleta?"

"Ni mimi, Mama. Baba Njeri. Wa Kitale."

"Umezeeka. Sauti yako inakwaruza." Akapapasa, akanipata mkono, akapitisha kidole kwa kovu la moto. "Mama Njeri alirudi?"

"Hakwenda, Mama. Aliiachilia."

"Najua aliiachilia, nilisikia. Nauliza alirudi."

Tunakaa nyumba moja na Mama Njeri. Ananipikia. Maneno ni machache.

Nikamwambia kile kilichonileta. Nikasema, "Mama, ile siku nilikosea. Niliua chama. Ungenilazimisha." Nilisema haraka, kama mtu anatema.

Kisha akacheka kidogo, kicheko cha kukauka.

"Unajua kwa nini nilisimama pale kwako mpaka saa sita?"

"Ulikuwa unaningoja nikubali."

"Nilikuwa naomba usikubali." Akageuza uso upande wangu ingawa haoni. "Ungesema ndiyo, ningeenda, ningepika. Lakini huyo mtu nilikuwa namchukia, Baba Njeri. Nilipopita kwa kile kizuizi na sufuria nilikuwa nasema moyoni, Ndirangu akifiwa nimwone atakula nini. Halafu akafiwa. Nikaja kwako nikijua utakataa. Kila saa ulivyozidi kukataa nikaona vizuri. Nikikataa mimi, chama kimeuawa na Mama wa Vyombo. Ukikataa wewe, umekiua wewe."

"Miaka yote hii nimebeba peke yangu."

"Mimi pia nilikuwa na yangu. Kwa nini unafikiri nilihama bila kukuaga? Ningekuangalia na macho gani?"

Nilikasirika. Sitadanganya. Nilikuwa nimekuja nipigwe, na sasa nilitaka kupiga. Nilisimama niende. Binti yake alikuwa ameleta chai, akabaki ameshika kikombe. Mama wa Vyombo hakunibembeleza. Aliuliza tu, kama mtu anauliza habari za mvua, watu wa skimu wako aje. Nikamjibu nikiwa nimesimama. Masinde alikufa. Mwalimu yuko. Yule mjane aliolewa kwingine.

"Na Ndirangu?"

"Amepigwa na kiharusi. Upande mmoja umekufa wote. Watoto wako ng'ambo. Wamemwajiri msichana, anamlisha."

"Msichana ni mkubwa?"

"Mdogo mdogo tu, mwembamba."

"Na Ndirangu ni mnene." Akafikiri. "Nani anamgeuza?"

"Sijui."

"Mtu wa namna hiyo akilala upande mmoja anaoza akiwa hai. Msichana mwembamba hatamweza. Nani anamgeuza?"

"Nimesema sijui, Mama."

"Si mnapakana?"

Nikatazama barabara.

"Mimi siwezi kukutuma," akasema. "Hakuna chama, hakuna zamu, hakuna mtu anatumwa tena. Nakuuliza tu." Kisha akanyoosha mkono kwa binti yake apewe kikombe, akasema chai imepoa, na hakuniongelesha tena mpaka nikaondoka.

Sikulala vizuri. Asubuhi nilikamua, nikamwambia Mama Njeri natoka kidogo. Akaniuliza naenda wapi, nikamwambia. Aliacha kufagia. Alinitazama mpaka nikafika kwa geti.

Kwa Ndirangu msichana wa kazi alifungua mlango nusu.

"Unataka nini, mzee?"

"Nimekuja kumgeuza."

Alinifungulia haraka, kama alikuwa amengoja mtu aseme hivyo. Chumba kilikuwa kinanuka. Ndirangu alikuwa ameegemea kwa ubavu akiangalia mlango, mdomo umeenda upande, jicho moja wazi. Lilinijua. Lilijaa maji, na koo ikatoa sauti ambayo sikutaka kujua inasema nini. Mgongoni alikuwa na vidonda viwili, ngumi inaweza kuingia.

Nilipitisha mikono chini yake. Alikuwa mzito kama gunia lililonyeshewa. Nilimgeuza akaangalia ukuta, ili nisione uso wake, na msichana akamwekea mto mgongoni.

"Sasa anakaa hivyo mpaka saa nne," akasema msichana. "Halafu anarudi upande huu. Daktari alisema hivyo."

Nikavuta kiti nikakaa, kungoja saa nne.